Taa za Ukungu kwa Motokaa ya Zamani

Kila mwaka, tangu Juni hata Agosti, nchi za juu za Kenya huvikwa ukungu. Msafiri atokaye Nairobi alfajiri kwenda Nakuru huukuta Limuru, mahali palipo juu ya usawa wa bahari kwa zaidi ya meta 2,000, na mara nyingi huandamana naye mpaka ateremkapo katika Bonde la Ufa. Aendeleaye Eldoret hukutana nao tena Timboroa, ambako hata reli hupita katika kimo cha zaidi ya meta 2,700. Mahali pengine ukungu huo ni wingu lenyewe lililoegemea mlima. Mahali pengine huzaliwa bondeni usiku, wakati mbingu ni safi na ardhi imepoteza joto lake. Kwa dereva yote ni mamoja: barabara aliyoizoea tangu utoto hutoweka mbele ya macho yake.

Jambo hili huwagusa hasa wenye motokaa za zamani. Motokaa nyingi mpya hutoka kiwandani taa za ukungu zikiwa zimekwisha fungwa. Lakini mkulima wa Kinangop apakiaye viazi na kabeji katika Peugeot 504 ya pikapu kabla ya mapambazuko, apite Njabini na Flyover ili aingie sokoni Nairobi mapema, hana budi kuzinunua taa hizo mwenyewe na kuzifunga. Ndivyo alivyo pia karani atunzaye Morris Minor aliyoachiwa na baba yake, na mwalimu mwenye Land Rover ya miaka ya 1960. Madukani wataonyeshwa taa za kila namna na za kila bei, na muuzaji ataisifu kila moja. Kabla ya kutoa fedha yafaa wajue taa ya ukungu ni kitu gani, hufanya kazi gani, na kazi gani haiwezi.

Kwa nini taa kubwa hushindwa

Ukungu ni matone ya maji, madogo mno, yaliyoning'inia hewani. Kila tone lipigwapo na mwanga huutawanya huku na huku, na sehemu ya mwanga huo humrudia yule aliyeutoa. Dereva awashapo mwanga wa mbali wa taa kubwa, miali hupanda na kuangaza ukungu ulio mbele ya macho yake hasa. Badala ya kuona barabara huona ukuta mweupe, kana kwamba mtu ametundika shuka mbele ya kioo. Azidishapo mwanga, ukuta nao huzidi weupe. Kwa hiyo kanuni ya kwanza haina gharama yoyote: katika ukungu mwanga wa mbali uzimwe, utumike mwanga wa karibu.

Taa ya ukungu imeumbwa ili kuepuka shida hiyo, nayo ina sifa tatu. Kwanza, hufungwa chini, karibu na bampa, ili miali yake ipite mbali na mstari wa macho ya dereva. Pili, mwanga wake ni mpana, hufika kando zote mbili za barabara na kuonyesha ukingo wa lami, majani na mtaro. Tatu, mwanga huo umekatwa juu kama kwa kisu, usipande kuangaza ukungu ulio juu ya boneti. Watu husema kwamba taa hii hupasua ukungu. Hakuna taa ipasuayo ukungu. Hii huangaza ardhi iliyo karibu tu, na kuuacha ukungu wa juu katika giza lake, ili jicho lisisumbuliwe.

Namna ya kuchagua

Kosa la kwanza la wanunuzi ni kuchanganya taa ya ukungu na taa ya masafa. Tangu mashindano ya Safari yalipoanza mwaka wa 1953, Wakenya wamezoea kuona motokaa za mashindano zikiwa na taa za ziada zimepangwa mbele kama vifungo vya koti. Peugeot 404 ilishinda mwaka wa 1963, kisha mfululizo mwaka wa 1966, 1967 na 1968, na si ajabu mwenye 404 kutaka yake ifanane na hizo. Lakini taa ya masafa hutoa mwanga mwembamba uendao mbali, nayo ni ya usiku usio na ukungu katika njia tupu. Ndani ya ukungu ni mbaya kuliko mwanga wa mbali wa taa kubwa zenyewe.

Njia nzuri ya kuzitofautisha ni kusoma alama zilizopigwa juu ya kioo cha taa. Taa iliyopimwa na kukubaliwa kwa kanuni za Umoja wa Mataifa huwa na herufi E ndani ya duara, pamoja na namba ya nchi iliyoikubali. Penye herufi B, au F3, hiyo ni taa ya ukungu ya mbele. Penye F peke yake ni taa ya ukungu ya nyuma. Taa isiyo na alama yoyote haina ushahidi, hata kama boksi lake limeandikwa maneno makubwa. Na kwa kuwa alama huweza kuigwa, mnunuzi aombe taa iwashwe dukani na kuelekezwa ukutani. Taa njema ya ukungu huandika ukutani utepe mpana wa mwanga, na ukingo wa juu wa utepe huo huwa wazi na mnyofu. Ikiwa mwanga ni duara, au umetapakaa hadi darini, taa hiyo irudishwe kwa mwenyewe.

Ama kwa habari ya rangi, ubishi wake ni wa zamani. Ufaransa ilizilazimisha motokaa zake kutumia taa kubwa za rangi ya manjano tangu miaka ya 1930 hadi mwaka wa 1993, ndiyo sababu Peugeot za zamani katika picha za huko huonekana zikiwa na macho ya manjano. Wengi waliamini kwamba rangi hiyo hupenya ukungu. Lakini matone ya ukungu ni makubwa sana yakilinganishwa na mawimbi ya mwanga, hata hutawanya rangi zote karibu sawasawa. Rangi ya manjano huweza kupumzisha macho ya baadhi ya madereva. Haiongezi urefu wa njia ionekanayo. Mtu achague aipendayo, ila asilipe ziada kwa ajili ya ahadi ya kupenya.

Taa za LED nazo zimejaa madukani. Ile iliyotengenezwa tangu mwanzo iwe taa ya ukungu, yenye alama zilizotajwa, ni nzuri, tena hula umeme kidogo. Lakini ule upau mrefu wa LED ufungwao juu ya bampa au juu ya paa hutupa mwanga mwingi mbele ya macho, na katika ukungu humpofusha mwenyewe pamoja na wanaomkabili. Kadhalika si vema kutia balbu ya LED ndani ya taa iliyoumbwa kwa balbu ya kawaida, kwa maana chanzo cha mwanga kikihama hata kidogo, ule ukingo wa juu huvurugika.

Je, umeme utatosha?

Hapa ndipo motokaa ya zamani itofautianapo na mpya. Taa nyingi za ukungu hutumia balbu ya H3 ya wati 55. Balbu mbili ni wati 110, na katika motokaa ya volti 12 hizo ni zaidi kidogo ya ampea 9. Motokaa yenye alteneta nzima kwa kawaida huweza kuzibeba. Lakini motokaa nyingi za Kiingereza za miaka ya 1950 na 1960 zilikuwa na dinamo. Dinamo ya Lucas ya aina ya C40, kwa mfano, hutoa ampea 22 tu, tena wakati injini inapozunguka kwa kasi.

Mfano wa hesabu ni huu. Taa kubwa mbili katika mwanga wa karibu, wati 90. Taa ndogo za mbele na za nyuma, wati 30. Mtambo wa kuwashia injini, wati 40. Waipa za kioo, wati 40. Jumla ni wati 200, yaani karibu ampea 17. Zikiongezwa taa mbili za ukungu, jumla hupita ampea 25, na upungufu wote huchotwa katika betri. Tena katika ukungu dereva huenda polepole, injini ikizunguka taratibu, na wakati huo dinamo hutoa umeme mchache kuliko wakati wowote. Akizima injini kando ya njia ili kungoja kupambazuke, huenda isiwake tena. Kwa mwenye dinamo, afadhali taa za wati 35, au taa za LED zenye alama.

Jambo lingine la kuangaliwa ni ncha ya betri iliyofungwa kwenye bodi. Katika motokaa nyingi za Kiingereza za wakati huo ncha hiyo ilikuwa ya chanya, kinyume cha desturi ya leo. Balbu ya kawaida haijali, lakini taa ya LED ikifungwa kinyume haitawaka, au itaharibika kabisa. Na Volkswagen za kale zilizotumia volti 6 zahitaji balbu za volti 6.

Walakini kabla ya kununua chochote, taa zilizopo zichunguzwe. Umeme ufikao kwenye balbu ya kawaida ukipungua sehemu 10 katika 100, mwanga wake hupungua karibu sehemu 30. Waya uliooza, kutu mahali waya ushikapo bodi, na kioo cha ndani cha taa kilichopoteza mng'aro vyatosha kuifanya motokaa iwe kama yenye mtoto wa jicho. Fundi mwenye mita huweza kuligundua tatizo hilo kwa muda mfupi, na mara nyingi dawa yake ni msasa na waya mpya.

Kufunga taa na nyaya

Kanuni za Umoja wa Mataifa zataka taa ya ukungu ya mbele katika motokaa ndogo isiwe chini ya sentimeta 25 kutoka ardhini, wala juu ya sentimeta 80. Na ukingo wake wa nje usiingie ndani zaidi ya sentimeta 40 kutoka ubavu wa motokaa. Katika njia za mawe na matope, sentimeta 25 ni chini mno. Kimo cha sentimeta 50 chafaa kwa motokaa nyingi, mradi taa zote mbili ziwe sawa. Kishikio kikazwe kwenye chuma kinene, si kwenye bati jembamba la bampa, na bolti zitiwe washa za springi, kwa kuwa barabara yenye matuta hulegeza kila kitu. Taa isizibe rejeta, wala indiketa, wala bamba la namba.

Ama nyaya, ndizo ziletazo hatari kubwa. Wapo mafundi wa haraka ambao hukata waya wa taa kubwa na kuunganisha taa mpya papo hapo. Swichi ya motokaa ya miaka 50 haikutengenezwa kwa mzigo huo. Hupata moto, plastiki ya waya huyeyuka, na motokaa huweza kuungua na mali iliyomo. Njia iliyo salama ni kutumia rilei, yaani kile kisanduku kidogo kiachacho swichi ifanye kazi nyepesi ya kuamuru, na chenyewe kubeba umeme mwingi.

Kwanza ncha ya betri ifunguliwe. Rilei ya kawaida ina ncha nne zenye namba. Ncha ya 30 hupokea waya kutoka betri, na katika waya huo hutiwa fyuzi ya ampea 15, karibu sana na betri. Ncha ya 87 hupeleka umeme kwenye taa zote mbili. Ncha ya 85 hufungwa kwenye bodi. Ncha ya 86 hupokea waya mwembamba kutoka swichi ya dereva. Kwa nyaya zibebazo mzigo wa taa, unene wa milimeta za mraba 2.5 unatosha. Kila mahali waya upitapo katika tundu la bati uvishwe pete ya mpira, na usikaribie bomba la moshi. Mahali waya ushikapo bodi pakwanguliwe mpaka chuma king'ae, kisha pakazwe na kupakwa grisi.

Swichi nayo yafaa ipate umeme wake kutoka waya wa taa ndogo. Kwa hivyo taa za ukungu hazitaweza kuwaka huku taa za nyuma zimezimwa. Jambo hili laonekana dogo, lakini dereva aliyefurahia taa zake za mbele na kusahau za nyuma ni windo la lori limfuatalo.

Kuelekeza mwanga

Taa nzuri iliyoelekezwa vibaya ni sawa na taa mbaya. Motokaa isimamishwe mahali tambarare, tairi zikiwa na upepo wa kutosha, meta 10 kutoka ukutani. Kimo cha katikati ya taa kipimwe kutoka ardhini, na kimo hicho kitiwe alama ukutani. Kisha mstari mwingine upigwe sentimeta 20 chini yake. Ukingo wa juu wa mwanga ulale juu ya mstari huo wa chini, wala usipande zaidi.

Mwenye pikapu ana jambo la kuongeza: apime motokaa ikiwa na mzigo wake wa kawaida. Ikiwa gurudumu la mbele na la nyuma zimeachana kwa meta 3, na magunia ya viazi yakadidimiza nyuma kwa sentimeta 10, pua ya motokaa huinuka kiasi cha kuutoa mwanga chini ya mstari na kuupeleka juu, katika ukungu na katika macho ya wengine. Taa iliyopimwa motokaa ikiwa tupu jioni itakuwa imeharibika alfajiri, bila mtu kuigusa.

Na wanaokuja nyuma

Taa ya ukungu ya nyuma ni nyekundu, yenye nguvu kuliko taa ya kawaida, nayo husaidia kuonekana. Ikiwa ni moja, katika nchi ambamo motokaa hupita kushoto huwekwa katikati au upande wa kulia, mbali na taa ya breki kwa zaidi ya sentimeta 10, isije ikaificha. Desturi ya Uingereza ni kuiwasha wakati njia haionekani zaidi ya meta 100, na kuizima ukungu unapokwisha. Mfano huo wafaa kufuatwa, kwa kuwa nje ya ukungu taa hiyo huumiza macho ya afuataye.

Mwendo na umbali

Taa iliyo juu ya ardhi kwa sentimeta 50, ikielekezwa kama ilivyoelezwa, ukingo wake wa juu hugusa barabara meta 25 mbele. Katika ukungu mzito hizo meta 25 ndizo mali yote aliyo nayo dereva, na mwendo wake lazima utoshee ndani yake.

Motokaa iendayo kilometa 30 kwa saa hupita zaidi ya meta 8 kila sekunde. Dereva akichukua sekunde moja na nusu kuona hatari na kukanyaga breki, amekwisha kwenda meta 12. Na breki njema, katika lami yenye maji, zitataka meta 7 hivi. Jumla ni karibu meta 20, naye amesimama ndani ya mwanga wake. Kwa kilometa 50, jumla hufika meta 40. Kwa kilometa 80, hupita meta 80. Huyo wa mwisho atakuwa amempita ng'ombe, au baiskeli, au lori lililoharibika, kabla motokaa haijasimama. Fedha zote alizotoa dukani hazikumnunulia hata meta moja ya kusimama.

Hii ndiyo hatari ya taa mpya: humpa mtu moyo kuliko zimpavyo macho. Aliyezifunga vizuri atauona ukingo wa lami, atajua kona inaanzia wapi, na hatatumbukia mtaroni. Faida hizo ni kubwa, nazo zatosha. Akiona kwamba hata meta 25 hazionekani, atoke barabarani kabisa, aingie kituo cha petroli au uwanja wa duka, wala asisimame juu ya lami akitumaini wengine watamwona. Mwenda pole hajikwai, na kabeji zikichelewa sokoni saa moja bado ni kabeji.